Besi Nyuma ya Mabati

Lenah Nasimiyu aliijua bendi ile kwa miaka miwili bila kumtia machoni hata mmoja wao. Aliwajua kwa masikio. Alijua mpiga ngoma ana pupa na mwimbaji hupenda kuchelewa. Alijua gitaa la kwanza lina uzi unaolegea kila baada ya wimbo wa tatu. Na alijua mpiga besi ndiye mtu mzima kati yao, kwa sababu wengine walipopotea njia yeye aliwangoja palepale, akipiga polepole, mpaka wakarudi mmoja mmoja. Kila alasiri kuanzia saa tisa muziki wao ulipenya mabati na kumkuta amesimama gizani, mikono imezama kwenye dawa ya kusafishia picha.

Giza hilo lilikuwa nyuma ya studio ya picha ya mzee Simeon, pale Kawangware. Simeon, ambaye wengi walimwita Baba Wacera, alikuwa mwenyeji wa siku nyingi, mwenye ploti Gatina na Kabiria. Mbele ya studio palikuwa na kaunta, kigoda, na shuka jeupe ambapo watu waliketi wakakaza shingo kupigwa picha ya kitambulisho. Nyuma palikuwa na chumba cha giza: hatua nne kwa tatu, bila dirisha, kuta zimegongomewa karatasi nyeusi ya lami, bomba moja la maji, taa moja nyekundu na makarai matatu. Humo ndimo Lenah alimosafishia picha tangu mwaka wa tisini na moja. Mlango ulifungwa kwa komeo, na komeo lilikuwa upande wa nje.

Komeo lilikuwa na sababu yake. Mwaka wa kwanza mteja mmoja aliyetafuta choo aliusukuma mlango, mwanga ukaingia, na sura za wanafunzi wa darasa zima zikaungua zikawa nyeusi tititi. Simeon akaagiza komeo liwekwe nje, asiingie mtu. Lenah alipouliza kwa nini lisiwe ndani, mzee alimwambia kwamba mikono yake ina dawa kila wakati, chuma kitaliwa na kutu. Alijibu kwa upole, na upole huo ndio uliomfunga Lenah mdomo. Simeon hakuwahi kumpandishia sauti. Saa mbili asubuhi alimfungia, saa saba akamfungulia ale, kisha akamfungia tena hadi jioni. Akitaka kujisaidia aligonga mlango, na kama palikuwa na mteja alingoja.

Fundi aliyelipigilia komeo lile alikuwa Murunga, mumewe Lenah.

Murunga alikuwa mwashi. Kila mwaka Simeon aliongeza vyumba vya kupangisha, na kila chumba Murunga ndiye aliyekisimamisha. Ni yeye aliyemleta mkewe studio, na kwa sababu mkewe alifanya kazi safi, Simeon hakutafuta mwashi mwingine. Kazi zao zilisokotana kama nyuzi za kamba moja. Walikaa Gatwekera, chumba kimoja cha udongo na mabati, na mtoto wao Elvis alikuwa kwa nyanya yake huko Webuye. Asubuhi walitoka pamoja kwa miguu, wakapita Jamhuri, wakavuka Ngong Road, wakaachana Kawangware. Jioni walirudi njia ileile, Murunga akinuka simiti na Lenah akinuka dawa.

Miaka mitano ya giza ilikuwa imemwachia alama. Kucha zake ziligeuka rangi ya chai ya rangi. Jua la saa saba lilimtoa machozi. Hata Jumapili kanisani, kabla ya kuketi, alijikuta akiangalia mlango ulipo na unafungukia upande gani.

Mwezi wa tatu mwaka wa tisini na sita, akiwa ndani, alisikia sauti ya msichana kwenye kaunta.

"Niaje, mzee. Mnaosha filamu ya sinema hapa?"

"Sinema?" Simeon akacheka. "Hapa ni picha ya kitambulisho, mama. Passport, harusi, basi."

"Hii ni black and white tu. Dawa ni ileile. Nimezunguka town yote, hakuna mtu anaosha siku hizi. Kila mtu ni video."

"Sasa hata mimi siwezi. Jaribu Industrial Area."

Lenah hakujua ni nini kilichomsukuma. Aligonga mlango. Simeon akadhani ni choo, akafungua. Lenah akatoka akipepesa macho, akamwona msichana mrefu mwenye rasta fupi, amekumbatia boksi la kamera kama mtu aliyebeba kuku.

"Ni upana gani hiyo filamu?" Lenah akauliza.

"Kama kidole kidogo. Mita thelathini."

"Dawa ni moja, ni kweli," Lenah alisema, kisha akamtazama Simeon.

Msichana aliitwa Joan Wayua. Alisomea mambo ya filamu chuoni, kisha akakuta hakuna kazi isipokuwa kubeba nyaya za watu wa matangazo. Ofisi moja iliyokuwa ikitupa vitu vyake vya zamani ilimpa kamera ya kuzungushwa kwa ufunguo kama saa ya mezani, na katoni ya filamu zilizopita muda wake. Alitaka kuwapiga picha wanamuziki wakiwa wanapiga, si kwa ajili ya kuonyesha sura zao wala kueleza hadithi, bali apate picha inayokwenda kama muziki wenyewe unavyokwenda. Haya alimweleza Lenah siku iliyofuata, saa saba, wakila githeri kwenye kibanda mkabala na studio.

"Na ni wanamuziki gani?"

"Hawa wa hapo nyuma yenu. Kwa hiyo baa. Wanafanya mazoezi mchana kwa sababu usiku kuna bendi kubwa."

Lenah akaweka kijiko chini. "Nawajua," alisema. Kisha akasahihisha: "Nawasikia."

Simeon hakukataa moja kwa moja. Alisema kama Lenah atafanya baada ya picha za wateja kuisha, na kama dawa ni ile iliyochoka ambayo ingemwagwa, yeye hana neno. Ndivyo ilivyoanza.

Filamu ya sinema haivumilii hata taa nyekundu. Jaribio la kwanza Lenah alizima taa, akasimama katika giza lisilo na tofauti ya kufumba na kufumbua. Alifungua kopo, akaivuta filamu mkono kwa mkono, mita baada ya mita, akiilaza ndani ya karai kama anayesokota uzi. Ilimponyoka, ikajikunja, ikajibandika yenyewe kwa yenyewe. Kwa mara ya kwanza tangu aanze kazi alihisi kuta zimesogea, kana kwamba mtu amezisukuma kutoka nje kwa bega. Alitaka kupiga kelele afunguliwe. Lakini kufunguliwa kungekuwa kuiunguza kazi ya Joan yote.

Hapo ndipo bendi ikaanza. Mpiga besi aliingia kwanza, peke yake, dumu... dumu-dumu... dumu. Lenah akashikilia ile besi kama mtu anayeshikilia kamba ya kisima. Bila kukusudia, mikono yake ikaanza kuinua filamu na kuishusha kwenye dawa kwa mwendo uleule. Besi ikipanda, akainua. Besi ikitulia, akaacha izame. Gitaa lilipochanganya, vidole vyake vikachanganya. Wimbo ulipokwisha, hofu ilikuwa imempungua, na dawa ilikuwa imefanya kazi yake.

Joan alipokuja jioni, Lenah alimpa filamu akiwa ameinamisha kichwa. "Nimeiharibu. Ina madoa. Kuna mahali imeshikana, na kuna alama za vidole vyangu."

Joan aliipandisha kwenye waya wa nguo uani, akaikagua kwa kioo cha kukuzia, pima baada ya pima.

"Mama Elvis, hii umefanyaje? Mwanga unapanda na kushuka. Angalia. Hapa nzito, hapa nyepesi, hapa nzito. Kama mtu anapumua."

"Ni besi," Lenah alisema kwa aibu. "Niliogopa, nikaifuata."

Joan akaangua kicheko, si cha dharau, akamshika mabega. "Usiwahi kuosha vingine tena. Umeskia? Hivyohivyo."

Kuanzia siku hiyo walikuwa wawili katika kazi moja, ingawa hawakuwahi kuifanya pamoja. Joan alikuwa upande wa pili wa mabati, kamera begani, akizunguka kati ya wanamuziki wakati wa mazoezi. Lenah alikuwa upande huu, amefungiwa, akiosha filamu ya jana kwa muziki wa leo. Joan aliamua hawatatengeneza kopi. Wangeonyesha ileile iliyotoka kwenye karai, ambamo cheusi ni cheupe na cheupe ni cheusi, nyuso zikiwaka kama taa na meno yakiwa meusi. Nayo ingeonyeshwa bendi ikiwa palepale inapiga, hai, si kwenye kaseti. Wakati mwingine Lenah alitia chai kwenye dawa, wakati mwingine alikwaruza kwa sindano pale alipojua ngoma itaanguka. Alifanya hivyo kwa kuhisi tu, kama mtu anayesuka nywele nyuma ya kichwa chake mwenyewe.

Murunga hakupenda. "Hiyo kitu inakusaidia nini?" alimuuliza.

"Masaa yanaenda."

"Masaa yalikuwa yanaenda hata mbeleni. Mama Elvis, huyo mzee tusimkasirishe. Anaanza ploti mpya mwezi wa nane. Ukimuudhi, mimi nitajenga kwa nani?"

Lenah akageukia jiko, akapuliza makaa.

Mwezi wa saba Joan alipata ukumbi Makina, karibu na msikiti, na mashine ya kuonyeshea aliyoiazima kwa padri mmoja. Maonyesho yangekuwa Jumamosi saa kumi, madirisha yakizibwa kwa mablanketi. Ingekuwa mara ya kwanza Lenah kuwaona wanamuziki, na mara ya kwanza kuona mkono wake ukitembea ukutani. Alimwambia Simeon wiki nzima kabla: Jumamosi nitatoka saa saba.

"Hakuna shida, msichana wangu," Simeon alisema, akiendelea kupanga bahasha. Kisha, bila kuinua macho: "Lakini hii dawa siku hizi inaisha mbio sana."

Jumamosi asubuhi Joan alileta filamu ya mwisho, ya mazoezi ya Ijumaa, wimbo ambao ungefunga maonyesho. Lenah aliingia nayo pamoja na picha za watu wa ushirika fulani. Alifanya picha za ushirika kwanza, kisha akazima taa akaosha filamu. Siku hiyo bendi haikuwepo nyuma, walikuwa wakipakia vyombo, kwa hiyo aliimba besi mwenyewe kwa pua. Saa saba ilipokaribia aligonga mlango.

Hakuna aliyejibu. Akagonga tena. Akadhani kuna mteja, akangoja. Kisha akasikia kitu alichokijua vizuri: mlango wa chuma wa mbele ukiburutwa, kufuli ikibanwa, na viatu vya Simeon vikienda. Aliita, "Baba Wacera! Niko ndani!" Viatu havikusimama.

Mpaka leo Lenah hajui kama mzee alisahau au alikusudia. Siku hiyo familia yote ya Simeon ilikuwa na ruracio ya Wacera, sherehe ya mahari, huko Limuru, gari limejaa wazee na kreti za soda, na mtu mwenye shughuli ya kumwoza binti anaweza kusahau hata jina lake. Inawezekana. Lakini ilikuwa Jumamosi ileile, saa ileile.

Alipiga mlango mpaka viganja vikavimba. Alijaribu kuusukuma mlango kwa bega, lakini Murunga alikuwa fundi mzuri. Misumari ilikuwa mirefu, imekunjwa upande wa pili. Aliketi sakafuni kwenye maji, taa nyekundu ikimwangaza, akahisi hewa ya dawa ikimjaa kooni. Akawaza: nikifa humu, watanikuta Jumatatu, na mtu atalalamika kwamba picha zake hazijakauka. Wazo hilo lilimchekesha, kisha likamliza.

Yapata saa nane na nusu alisikia hatua nyuma ya mabati. Mtu alikuwa akivuta kitu sakafuni, waya au boksi. Lenah akapiga ukuta kwa ngumi zote mbili, akaita. Hatua zikasimama kidogo, kisha zikaendelea. Mtaa ule ulijaa makelele ya mafundi bati, nani angejali moja zaidi? Basi akaacha kupiga ovyo. Akapiga besi. Dumu... dumu-dumu... dumu, ileile ya wimbo wao wa kwanza, mahali palepale wanapongojwa waliopotea.

Halafu kutoka upande wa pili vidole vikajibu mstari uliofuata.

"Nani huyo?" sauti nzito ikauliza.

"Ni Lenah. Wa kuosha filamu. Wewe ni nani?"

"Wekulo. Napiga besi. Nimerudia waya ya spika." Sauti ikasogea karibu na bati. "Mama, mbona hujaenda? Joan anakutafuta."

"Nimefungiwa. Mzee amefunga duka lote ameenda Limuru."

Wekulo alitukana kwa Kibukusu, neno ambalo Lenah hakuwa amelisikia tangu atoke nyumbani. "Ngoja. Natafuta mtaimbo, nitoboe hii mabati. Dakika tano tu."

Hapo Lenah akaona mlango. Akauona wazi kabisa: mabati yakikunjwa, jua likiingia, yeye akitoka akikimbia hadi Makina. Akaona pia kile kilichokuwa nyuma ya mlango huo. Jumamosi mchana, Kawangware, mwanamume mgeni akivunja duka la Baba Wacera kwa mtaimbo. Ingetosha mtu mmoja kupaza sauti, "Mwizi!" Alikuwa ameshaona, mwaka uliopita, kilichobaki cha kijana mmoja aliyeitiwa neno hilo karibu na soko: kiatu na duara jeusi la tairi barabarani. Nani angengoja Wekulo ajieleze?

"Usitoboe," alisema.

"Ati?"

"Watakuua. Hawatauliza. Usitoboe, Wekulo. Muende mkapige."

"Sasa wewe?"

"Mimi nitangoja. Nimezoea." Neno hilo la mwisho lilimuuma mdomoni. "Lakini filamu ya mwisho iko na mimi. Angalia hapo chini, mabati yanapogusa simiti. Kuna nafasi?"

Wekulo akapiga magoti. Vidole vyake vikachimbua taka na vumbi, na mstari mwembamba wa mwanga ukaingia sakafuni, upana wa ukucha. Lenah alichana karatasi ya lami kwa meno. Akachukua ncha ya filamu, bado ina maji lakini dawa imemaliza kazi na mwanga hauwezi tena kuiunguza, akaisukuma kwenye ufa. Ikakwama. Akaigeuza kwa ubavu. Ikapita.

"Nimeshika," Wekulo alisema.

"Vuta polepole. Usikaze, itakatika. Vuta kama unapiga ule wimbo wa polepole."

Ndivyo mita thelathini zilivyotoka. Lenah aliachilia kidogokidogo kutoka kwenye karai, Wekulo akapokea na kuizungusha mkononi. Kingo za bati ziliikwaruza, ikatoa sauti kama panzi. Ilichukua karibu nusu saa. Ncha ya mwisho ilipomfikia Lenah, aliibana kati ya vidole viwili na hakuiachilia.

"Mama?" Wekulo akaita.

Akaiachilia. Ikanyonywa chini ya bati mara moja, kama tambi.

"Nitawaambia ni kazi yako," Wekulo alisema. Kisha hatua zake zikaenda zikipiga mbio.

Simeon alirudi saa kumi na mbili na nusu. Alipofungua alishika kichwa. "Wooi! Msichana wangu, ulikuwa ndani? Mambo ya wazee yamenichanganya. Pole, pole sana." Alikuwa amembebea nyama choma kwenye gazeti, na hilo hadi leo linamtatiza Lenah: kama alisahau kwamba yuko ndani, nyama ilikuwa ya nani?

"Baba Wacera," alisema, "kutoka Jumatatu komeo ikae ndani."

"Tutaongea."

"Nimeongea."

"Kula kwanza. Tutaongea."

Habari za Makina alizipata kwa midomo ya watu. Joan alisema mikwaruzo ya mabati ilitoka kama radi ikimpiga Wekulo kutoka kichwani hadi miguuni, na bendi, ilipoiona, ikaongeza mwendo kuifuata. Mama mmoja wa Sarang'ombe alisema ilikuwa kama kutazama mvua ikiota ndoto. Muuza mahamri wa Makina alisema hakuelewa kitu ila alilia. Wote walisema ukumbi ulisimama jina la Lenah lilipotajwa, na watu wakageuka kumtafuta.

Nyumbani Murunga alisikiliza yote akiwa anakuna simiti kwenye vidole. "Saa ngapi ulikaa humo?" akauliza mwishowe.

"Kama sita hivi, tangu afunge."

"Ile misumari ni inchi nne," alisema, kama anayejiambia mwenyewe. Lenah alingoja aseme zaidi, akalala bado anangoja.

Jumatatu alichukua nyundo na patasi kwenye mfuko wa mumewe kabla hajaamka. Alifika Kawangware mapema, na Simeon alipofungua duka na kuingia kunywa chai, Lenah aling'oa komeo, akalipigilia ndani. Halikukaa vizuri, lilipinda kidogo, lakini lilifunga. Simeon alilitazama muda mrefu.

"Umeharibu mlango," alisema kwa upole uleule.

Hakumfukuza. Nani mwingine angemsafishia, watu wakikimbilia vitambulisho kwa sababu ya uchaguzi uliokuwa ukija? Lakini mwezi wa nane ploti mpya ilipoanza, mwashi mwingine aliletwa kutoka Uthiru. Murunga alikwenda mara mbili kuuliza, mara zote mbili aliambiwa tutaongea. Alikaa miezi minne bila kazi ya maana, akibeba mchanga wa wengine, akirudi Gatwekera saa nane mchana kukaa mlangoni. Hakumlaumu mkewe hata siku moja. Alimwambia tu, kila asubuhi, "Usichelewe." Na Lenah hakuchelewa, kwa kuwa sasa walichokula kilitoka kwenye makarai yale matatu. Aliingia, akajifungia mwenyewe kwa mkono wake, na wakati mwingine alisimama akiwa ameshika komeo, akijiuliza tofauti iko wapi.

Mwanzoni mwa mwaka uliofuata bendi ilivunjika. Wekulo alirudi Kitale kulima. Baa ikageuzwa kuwa ghala la viazi, na alasiri zikawa kimya. Joan alikuja Gatwekera kuaga. Alikuwa anaenda Kisumu kwa miezi mitatu kumpiga filamu mzee mmoja wa nyatiti, ala ya nyuzi ya huko, na alitaka Lenah aende naye.

"Nitakupatia chumba chenye dirisha," alisema. "Tutaosha usiku, mchana unakaa nje. Kuja, Mama Elvis. Tafadhali."

Lenah alimtazama Murunga, aliyekuwa anasikiliza akijifanya anatengeneza jiko. Aliangalia mikono yake mwenyewe.

"Siwezi," alisema. "Nitumie filamu kwa basi. Na unitumie kaseti, nisikie anavyopiga. Umwambie apige dakika nane bila kusimama, ndio nijue filamu imeiva."

Basi ikawa hivyo. Makopo yalifika yamefungwa kwa gunia, kila moja na kaseti yake, na Lenah akayaosha baada ya kazi za Simeon, redio kaseti ndogo ya betri ikiwa imefunikwa kwa kanga ili taa yake isivujishe mwanga. Alimjua mzee wa nyatiti kama alivyowajua wale wengine: kwamba ana pete ya chuma kwenye kidole cha mguu, kwamba hukohoa kabla ya kubadilisha wimbo. Filamu zilirudi Kisumu kwa basi lilelile. Hakuwahi kuona hata moja ikionyeshwa.

Mwezi wa tano Joan aliandika barua. Alisema kopo la tatu limewashangaza wote. Picha ni nzito, nyeusi mno, mzee anasogea kama anatembea kwenye matope, na ni nzuri kuliko zote. Alimwomba amweleze alivyofanya, dawa gani, joto gani, ili aandike.

Lenah aliisoma barua mara mbili akiwa amesimama kwenye kaunta, wateja wakimsubiri. Akachukua bahasha ya picha, akaandika nyuma yake kwa kalamu ya Simeon: "Betri za redio ziliisha. Mzee alipiga polepole zaidi na zaidi, na mimi nikamngoja amalize." Akaipa kondakta wa basi la Kisumu, akarudi ndani, kwani picha za asubuhi zilikuwa bado majini.